Musyoka, Mama Mkwe Wako Nimemfuta

Musyoka buda,

Kama huko kuna hewa baridi tuwekee nafasi, maana hapa mtaani Karantina jua linatukaanga kama maandazi yangu. Tangu moyo wako usimame pale Riyadh, wakakurudisha Kitui kwa sanduku, nimejaribu kulia. Kila nikianza, namkumbuka yule mzee wa kijijini wa komedi yako, aliyeenda kuposa na mbuzi wa jirani, nacheka. Hata kulia umeniharibia.

Lakini leo sicheki. Ile komedi yako ya mwisho, ya mama mkwe anayefukuza jogoo, ilibaki kwa simu yangu, na grupu yetu nzima ya komedi ilitaka niitoe watu waione. Eti ni heshima kwa marehemu.

Unajua vile tulikuwa tunafanya. Wewe uko kwa gari la bosi ukingoja watoto watoke shule, unarekodi hadithi yote kwa sauti, mama mkwe ni wewe, jogoo ni wewe. Kisha kila mtu anajipiga video nyumba anakofanya kazi, ametundika leso ukutani ionekane ni kijijini. Mimi naunganisha.

Sasa Mwende, mama mkwe wetu, alijipiga kwa chumba cha kufulia huko Al-Hamra. Akiruka kumshika jogoo, leso ikaanguka. Nyuma kukaonekana kanzu za baba mwenye nyumba, mpaka na mlango wa chumba chao. Hapa ukitoa video ya ndani ya nyumba ya watu, ni polisi. Nilijaribu kukata hicho kipande, lakini utamu wote uko hapo.

Nikampigia. Simu imezimwa. Nikapiga tena, mafi, hakuna kitu. Nikachoma maandazi, mimi.

Leo ndio amepiga. Madam alikuwa amechukua simu, akaiona video. Akacheka mpaka akakaa chini. Halafu akaona kanzu za mumewe. Mwende anasema kile kicheko kilikatika kama stima. Madam akaifuta mwenyewe, akamwambia, "Baba asijue. Halas."

Nikafikiri yameisha. Mwende akaniambia, "Wewe itoe tu. Huyo mama mkwe Musyoka alinitungia mimi. Nitajipanga."

Atajipanga aje, buda, na pasipoti yake iko kwa kafili, huyo huyo bosi aliyemleta?

Nimeifuta. Wamenitukana, mmoja akasema nimekuua mara ya pili. Nikawatumia ile sauti yako, ukigombana na wewe mwenyewe. Kisha vicheko vikaanza kuingia, kimoja kimoja, kutoka jikoni za watu. Cha Mwende kilikuja mwisho, amejiziba mdomo.

Basi pumzika, Musyoka. Siku Mwende atapewa ruhusa atoke hapa, tutaipiga upya uwanjani kwa mama yako Kitui, mchana kweupe, apige kelele vile anataka. Jogoo nitakuwa mimi.