Namba za Chaki Milangoni

Chumba cha uani,
Nyumbani kwako,
Jumanne, tarehe 9

Shangazi mpendwa,

Kabla ya salamu, nakusihi: isome barua hii peke yako, kisha uichome. Hata watoto wasiione.

Shikamoo. Goti linaendeleaje huko uliko? Mimi mzima wa mwili, ila usingizi umenihama.

Mwezi uliopita bosi alinituma kuhesabu milango ya mtaa huu na kuiandika namba kwa chaki. Sikuambiwa sababu. Majirani wakadhani tunaletewa maji ya bomba. Nami nikadhani hivyo, nikawaitikia. Mama Cherehani aliosha mlango wake kwanza. "Usiniandikie juu ya vumbi, mwanangu, bomba litanicheka!" Fundi viatu, yule uliyempa jina la Bwana Gundi, akaipitishia namba yake rangi nyeupe ili mvua isiifute.

Jana nikapewa orodha ile niichape. Si ya maji. Ni ya nyumba zitakazobomolewa tarehe thelathini, barabara ipanuliwe. Nyumba yako imo, Shangazi, namba kumi na nane. Bosi akasema, "Karani ni bahasha. Ikifunguka, hutupwa." Nikacheka naye. Mpaka sasa naona aibu.

Tangu hapo mtaa huu niliouzoea umegeuka mgeni machoni pangu. Asubuhi nimesimama kutazama povu la sabuni likiteremka mferejini, jua limo ndani yake. Mashati ya Mama Cherehani yalining'inia mlangoni, mikono ikipunga kama ya watu wanaoagana. Kwenye kizingiti chako bado kuna kile kishimo kilichochimbwa na nyayo za bibi. Nimeweka mguu wangu humo, ukaenea.

"Karani, umefiwa?" Bwana Gundi akanitania. "Au viatu vinabana?"

Nikasema vinabana. Akavichukua, akavitanua, akakataa malipo.

Shangazi, siwezi kuwaficha. Kesho, kabla ya kwenda kazini, nitamwambia Bwana Gundi, naye awaambie wengine. Watapata wiki tatu za kulalamika, au walau kuhamisha vyombo. Najua kazi itaota mbawa. Wewe ndiye uliyeuza mashamba nisome, niwie radhi.

Wasalimie binamu zangu wote, hasa kitinda mimba. Mungu akupe wepesi wa goti na wa moyo.

Akupendaye,
Karani wako

Usipige simu ofisini, huenda nisiwepo. Juu ya bahasha ya jibu lako andika: Fundi viatu, mlango namba kumi na saba. Usichelewe. Tarishi hatapotea, rangi ile inaonekana tangu barabarani.