Ndama Anayeitwa Riakti

Mwalimu,

Jumamosi hii nitazima ukurasa wako. Ungekuwa hai ningekuja dukani nikuambie usoni, na wewe ungeendelea kutoa fotokopi za watu kama hujasikia, halafu baada ya saa nzima ungeniuliza, "Ulikuwa unasema nini, Nkatha?" Sasa kwa vile huwezi kuniuliza, nimeamua kuandika.

Mtoto amelala kidogo. Ndiyo, nina mtoto. Ni msichana, anaitwa Mwende, jina la mama ya baba yake, kama kawaida yetu. Baba yake anafanya kazi kwenye shamba la maua kule Timau na tunamwona Jumapili. Duka bado liko palepale Kiirua, na kiti chako ndicho nakalia, ingawa ule mguu bado unayumba. Nachapa barua za watu, natoa fotokopi, nanyonyesha, na nikipata nafasi naangalia ukurasa wa ng'ombe.

Miaka mitatu uko kwa mchanga, Mwalimu, na ukurasa wako ulikuwa unafunguliwa karibu kila asubuhi. Hicho ndicho kilikuwa kigumu kwangu kukizoea, kushinda hata mazishi.

Nakumbuka ulivyouanza. Kikundi cha akina mama wa maziwa kilikuwa kinaandika habari za kupandisha ng'ombe kwenye kadi, na kadi zilikuwa zinaliwa na panya au zinawashiwa moto wa chai. Na wakati huo kila mtu alitaka mbegu za fahali mmoja, yule waliyemwita Jenerali, kwa sababu mabinti zake walikuwa wanajaza ndoo. Daktari wa mifugo akija na pikipiki na mtungi wake wa mbegu, hakuna aliyeuliza fahali mwingine. Wewe ulikaa hapa dukani ukahesabu kwa vidole, ukaniambia, "Nkatha, hawa watu watapandisha baba na binti. Kijana wa hapa hawezi kupeleka uchumba kabla wazee hawajauliza msichana ni wa ukoo gani. Ng'ombe naye aulizwe."

Nilidhani unamkasirikia Jenerali. Ukasema hapana. "Kupendwa si kosa lake. Kosa ni la wanaosahau kuandika nani alitoka wapi."

Basi ukajenga ukurasa. Jina la ng'ombe, mama yake, fahali aliyemzaa, siku aliyopandishwa. Na mtu akiandika fahali ambaye ni baba ya huyo ng'ombe, maneno mekundu yanatokea. Uliyaandika mwenyewe: *Simama. Huyu ni baba yake.* Akina mama walicheka siku ya kwanza waliyoyaona.

Uliujenga peke yako kutoka chini. Ulikataa fremuweki zote. Wewe uliziita viunzi, ukanieleza kwamba ni kama fremu ya nyumba ambayo watu wengine wamekwisha kuipigilia misumari, wewe unabandika kuta tu. Nakumbuka ulivyocheka kiunzi kimoja, Angular, kilipotoka kwa sura mpya na waliojengea ile ya kwanza wakaambiwa waanze upya. Ulisema, "Huku ni kubomolewa nyumba kwa sababu fundi amenunua futi kamba mpya." Ulisema mambo hayo yanakuja kama yale ya kware. Unakumbuka kware? Kila boma lilikuwa na kibanda, mayai yanasifiwa kuponya kila kitu, na baada ya mwaka mmoja ndege walikuwa wengi na mnunuzi hayuko.

Nilikuamini. Kisha ukafa.

Mwaka wa kwanza hakuna kilichotokea. Mwaka wa pili wenye kompyuta tunakohifadhi ukurasa walibadilisha mitambo yao, na ukurasa wako ukakataa kufunguka. Niliingia ndani kutafuta shida. Mwalimu, nitakuambia ukweli kwa sababu hukunifundisha kubembeleza. Ndani kulikuwa kama stoo ya mtu anayejua kila kitu kiko wapi na hajamwambia yeyote. Majina mengine Kimeru, mengine herufi moja tu. Hakuna mahali uliposema kwa nini hiki kiko hapa. Nilikuwa na mimba ya miezi sita, miguu imevimba, na nilikaa wiki mbili nikiutia viraka ndipo ukafunguka. Nilizunguka hadi Meru mjini kutafuta wa kunisaidia, na kila kijana aliyeuangalia alitikisa kichwa na kuniuliza, "Hii ni fremuweki gani?" Nikisema si fremuweki, ni ya Mwalimu Murithi, wanarudisha laptopu.

Mmoja wao, Mutwiri, alikuwa na subira kuliko wenzake. Alinionyesha michoro ya mtandaoni, kwamba kila mwaka mafundi wa dunia nzima wanaulizwa wanatumia kiunzi gani, wanapenda kipi, wamechoka na kipi. Mistari inapanda, mistari inashuka. React ilikuwa juu. Vue ilikuwa na watu wake, hawapigi kelele. Kulikuwa na vidogo vipya ambavyo waliovitumia walivisifu sana, lakini waliovitumia wenyewe walikuwa wachache. Nikamuuliza kuhusu jQuery, kile kisaidizi cha zamani ulichonifundisha wewe. Alicheka. "Hiyo ilikufa, Nkatha." Kisha akafikiri kidogo na kusema, "Lakini tovuti nyingi bado zinaitumia." Nilikuwa nakufikiria wewe.

Akaniambia jambo moja zaidi. "Kitu kinachojulikana na wengi, hata ukiugua kuna mwingine atakitengeneza." Na akaongeza kwamba matangazo ya kazi yanaomba React, na mimi nina mtoto anayekuja. Hilo pia lilinigusa, sitakuficha.

Nilijifunza usiku na mchana, nikajenga ukurasa upya kwa React. Ulikuwa mzuri. Picha za ng'ombe, rangi, kila kitu kinasogea bila ukurasa kuruka. Maneno yako mekundu niliyahamisha bila kuyagusa hata nukta. Akina mama waliona kwenye kompyuta ya duka wakapiga makofi.

Shida ilianza kwa mazizi. Ule ukurasa ulikuwa unataka kushusha mzigo mkubwa wa maandishi yake kwanza, ndipo uonyeshe ng'ombe hata mmoja. Hapa dukani, sekunde chache. Kule juu kwenye baridi, kwa simu ya zamani na mtandao wa mstari mmoja, ilikuwa ni weupe mtupu. Walinipigia. "Nkatha, ukurasa ni mweupe kama maziwa." Mwingine akasema, "Umetuletea kalenda isiyo na tarehe." Nilikuwa nimechoka, mtoto alikuwa wa wiki tano, nikawajibu vibaya. Niliwaambia wabadilishe simu.

Wewe hungejibu hivyo. Ungechukua koti ukapande ukaone.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Mke wako, Mama Kinya, alikuwa na ng'ombe anaitwa Kanana. Wewe unamjua, ulimwandika mwenyewe, binti ya Jenerali. Mama Kinya hakuwahi kujua habari za baba yake Kanana maana mambo ya kupandisha uliyafanya wewe. Na daktari wa zamani alihamia Nanyuki, huyu wa sasa ni mgeni. Asubuhi moja Kanana alikuwa kwenye joto, tayari kupandishwa. Daktari alikuja, akasimama zizini na simu ya Mama Kinya mkononi, wakasubiri. Weupe. Wakasubiri tena. Daktari alikuwa na ng'ombe wengine wanne wa kuwahi, na mbegu zilizokuwa nyingi kwenye mtungi zilikuwa zile zinazopendwa na watu. Akampandisha hizo.

Saa sita mchana alipita dukani nimwandikie. Niliandika Kanana. Niliandika Jenerali. Maneno yako yakatokea, mekundu.

*Simama. Huyu ni baba yake.*

Daktari aliyasoma juu ya bega langu. Mimi nilikuwa na mtoto mgongoni. Nilikaa tu nikiangalia mwandiko wako, kama mtu aliyeitwa na mzazi akiwa mahali asipopaswa kuwa.

Nilipanda kwa Mama Kinya mchana huohuo. Nilimweleza yote nikiwa nimesimama, hata kiti sikukubali. Daktari alikuwa ameniambia kuna sindano ya kutoa mimba hiyo mapema, na hilo pia nilimwambia. Alifikiri. Kanana alikuwa amekataa kushika mimba mara mbili na umri unakwenda. Akasema, "Mwache. Ameshapewa." Nilianza kumweleza kwamba React si mbaya, kwamba ni mimi niliyeitumia vibaya, kwamba wanaojua wanaweza kuifanya nyepesi, kwamba wengi wanaitumia. React hivi, React vile. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa. Kisha akachukua chupa ya maziwa akaiweka kwenye mfuko wangu, akasema, "Kunywa, umnyonyeshe mtoto. Halafu utengeneze kitu ambacho kitafunguka nikiwa hapa nilipo na viatu vya matope."

Alisema hayo tu. Ningependa angenifokea.

Nilirudisha ukurasa wako wa zamani wiki hiyohiyo, na viraka vyangu. Ulifunguka zizini mara moja, maandishi matupu, hakuna urembo. Nilijua ulikuwa sahihi kuhusu kware. Lakini Mwalimu, kuna jambo moja lazima nikuambie, na nimelibeba muda mrefu. Wewe pia ulikosea. Ulijenga kitu ambacho hakuna mwingine angeweza kukitengeneza, na ukafa. Watu wanapanda shangi, ile mbegu ya viazi, kila mahali kwa sababu inaiva haraka na mnunuzi anaijua, huo si ujinga wa kufuata mkumbo. Ulitufundisha kuuliza ng'ombe ametoka wapi, na kazi yako mwenyewe hukuiandika ilitoka wapi. Mimi nina mtoto. Siku nikilala kitandani mwezi mzima, ukurasa huu usilale na mimi.

Kwa hiyo nimeujenga mara ya tatu. Nimetumia Laravel, kiunzi ambacho vijana wa Meru wengi wanakijua, na kiko kwa lugha ileile ya kompyuta uliyonifundisha. Kazi yote inafanyika kule kunakohifadhiwa, simu inapelekewa maandishi tayari, mepesi kama ya kwako. Mutwiri aliponiona alisema, "Mama Mwende, hiyo ni ya wazee." Nikamwambia ndiyo, wazee wana ng'ombe. Alicheka, lakini aliketi akasoma nilichoandika toka mwanzo hadi mwisho, na mahali alipokwama nikaongeza maelezo. Aliposimama alikuwa ameelewa yote. Sijui kama michoro ya mwaka ujao itakiweka juu au chini, na nimegundua kwamba sijali sana. Nilitaka tu wawepo watu wawili zaidi yangu wanaoweza kukifungua na kukitengeneza. Sasa ni Mutwiri, na msichana mmoja wa nyumbani kwa daktari ambaye anakuja dukani Jumatano.

Wiki iliyopita nilikwenda kuujaribu kwa Mama Kinya. Nilisimama katikati ya matope, mvua imenyesha, mstari mmoja wa mtandao, simu yake yenye kioo kilichopasuka. Ulifunguka kabla sijamaliza kuhamisha mtoto bega.

Na ndama alikuwa hapo. Sikukuambia. Kanana alizaa ndama jike, mdogo kuliko kawaida, miguu ya nyuma dhaifu siku za kwanza. Mama Kinya alimshikilia kwa mikono wakati wa kunyonya kwa wiki nzima. Sasa anatembea vizuri, ingawa daktari anasema tumwangalie. Nikauliza anaitwa nani. "Riakti," akasema Mama Kinya, na hakucheka. "Si ndilo jina ulilokuwa unalitaja siku ile? Nilidhani ni mtu." Nilicheka mpaka mtoto akaanza kulia, na baadaye nikiwa njiani ndipo na mimi nikalia kidogo.

Nimemwandika Riakti kwenye ukurasa mpya. Mama yake, Kanana. Baba yake, Jenerali. Baba ya mama yake, Jenerali. Sikuficha. Na chini kuna mahali pa maelezo, nikaandika: *Kosa la Nkatha.* Yeyote atakayefungua miaka ijayo ataona.

Basi, Mwalimu. Jumamosi asubuhi, akina mama wakishamaliza kukamua, nitauzima ule wa kwako. Kazi uliyoifanya nimeiweka kwenye diski, iko kwenye droo yako pamoja na miwani. Sitaifuta. Maneno mekundu yamehamia huku, mwandiko wako, nukta zako.

Lala salama. Ahadi yangu ni moja tu. Riakti atakua. Siku moja asubuhi atalia zizini akitaka fahali na kukataa majani, na Mama Kinya atampigia daktari. Siku hiyo ukurasa utafunguka hapohapo alipo na viatu vya matope, kabla mtungi haujafunguliwa, na utamwambia ukweli. Mimi nikiwepo, au nisipokuwepo.

Mwanafunzi wako,
Nkatha