Nilivyomcheka Baba wa Kwenye Filamu

Jumapili, 17 Aprili 1994

Kicheko changu mwenyewe bado nakisikia.

Leo mwenye banda la video aliweka filamu fupi ya zamani, isiyo na sauti, akaniomba niwasimulie watu. Wanawake wamekaa baa wanavuta sigara, wanaume wako nyumbani wanafua na kubembeleza watoto. Nikamwigiza yule baba mwenye mtoto mgongoni. "Mwanaume mzima, mwoneni." Watu wakavunjika mbavu.

Mke wangu alikuwa benchi la nyuma. Hakucheka.

Tangu nipunguzwe kazi kiwandani, tunakula kwa mitumba yake ya sokoni. Nepi nafua mimi, naanika ndani, majirani wasione. Mwanetu Tumpe namfunga mgongoni kwa kitenge cha mama yake, mlango nikiwa nimeufunga.

Tuliporudi nilidhani atafoka. Alimbeba mtoto, akatoa beseni la nepi nje kibarazani, akaanza kufua.

"Acha, Mama Tumpe. Nitafua."

"Hapana, Baba Tumpe. Watu watakuona."

Alisema taratibu, bila hasira. Na mimi, kabla sijampokea lile beseni, nikachungulia kwanza njiani kama kuna mtu anapita.