Tumbusi Hawakushuka

Mdogo wangu Gyurme,

Shayiri tumeshavuna, na paa tumeliziba. Mama anakula kidogo, ila anakula.

Mwili wa Baba tuliupandisha mlimani uliwe na tumbusi, kama desturi yetu. Mpasuaji wa maiti akawasha moshi, akawaita tumbusi mpaka sauti ikakauka. Unakumbuka walivyojaa kwenye msiba wa babu, hadi Baba akawatania, "Taratibu jamani, mzee mwenyewe hana nyama!" Safari hii hakushuka hata mmoja. Jioni tukamfukia Baba chini ya mawe. Shangazi Diki akasema mbele ya watu, "Ndege hawadanganyiki, mwenye dhambi hawamli. Mzee alikuwa na lake." Mama alisikia.

Ile sindano uliyotutumia kutoka Kathmandu ilimwinua maksai wetu kabla ya msiba. Baba akatamba kijiji kizima, "Mwanangu daktari kuliko madaktari!" Kesho yake maksai akafa kwa uzee, nasi tukawaachia tumbusi mzoga, kama siku zote.

Juzi amepita daktari wa mifugo. Anasema dawa ile humtuliza ng'ombe maumivu, lakini tumbusi akila mzoga wake, hufa. Nikaenda chini ya jabali lao. Wamelala pale, mabawa wazi. Na wale hutaga yai moja tu kwa mwaka, Gyurme.

Sijamwambia mtu. Nikisema, jina la Baba litasafika, na wewe hutaweza kukanyaga tena hapa.

Kila asubuhi Mama huwasha moshi, anatazama juu, anamwombea Baba msamaha. Niambie wewe, ninyamaze mpaka lini?

Dada yako,
Kunsang