Koti la Baba Kileleni

Lushoto, 11 Agosti 1973

Kaka Danieli,

Shikamoo sikupi. Mimi ni mdogo wako na najua ninachofanya.

Viazi vya shamba la ujamaa vimetoka vizuri. Ng'ombe amezaa dume. Mwenyekiti aliuliza uko wapi, nikamwambia unampandisha Mzungu mmoja Kilimanjaro, peke yake kama mfalme, akatazame majivu na barafu.

Picha yako ilifika. Umeandika nyuma kwamba shimo la Kibo bado linanuka kiberiti, na kwamba ukuta wa barafu unalipita kanisa letu kwa urefu. Hongera. Mimi nilichoona ni koti la Baba, lile la sufu uliloazima Machi ukasema wiki mbili tu. Amelivaa mgeni wako. Wewe umesimama pembeni na sweta.

Huku Baba alitetemeka Juni na Julai yote, akiliulizia. Nilimfunika magunia ya viazi juu ya blanketi.

Nilimpa picha ili akuone. Macho yake yalikuwa yameshafifia, lakini koti alilijua. Akaweka mkono juu ya mgeni wako, akaomba akikutaja wewe jina, akambariki kama mzaliwa wake wa kwanza, mpaka amina. Sikuwa na moyo wa kumsahihisha.

Tulimzika Jumanne. Baraka zako anazo huyo Mzungu, kamwombe yeye. Na koti abaki nalo.

Yudith