Ukumbi Uliponyamaza

Mjukuu wangu Nasra,

Shikamoo yako imefika huku Ibra, Oman; marahaba. Bibi yako hajambo, anakudai picha.

Umeniuliza kama yule mchekeshaji wa Kimarekani unayemsoma chuoni aliogopa alipoacha kuigiza akawa mwongozaji wa filamu. Simjui, lakini nadhani aliogopa. Miaka ya themanini nilikuwa karani kijana, na katika michezo ya kuigiza ya klabu yetu, sisi tuliohamia huku kutoka Unguja, mimi ndiye niliyechekesha watu. Mara moja nikapewa mchezo niuongoze: mzee anamngoja mwanawe aliyebaki Unguja.

Siku ya kuonyesha nilisimama nyuma ya pazia nikisubiri kicheko. Ukumbi kimya. Aibu ikanipanda mpaka masikioni, nikatoka mlango wa nyuma nikajificha garini.

Rafiki yangu Khalfan akanifuata. "We bwana, unakimbia nini?"

"Hawacheki!"

"Wacheke nini, na wazee wanalia mle ndani?"

Niliporudi, pazia lilikwisha fungwa. Sikupewa mchezo mwingine, na mwisho wa ule mmoja sikuuona. Hata leo Khalfan akiutaja, mimi huinamia kahawa yangu.

Filamu unayoitengeneza huko chuoni ikiwa tayari, nialike. Safari hii nitakaa mpaka taa ziwashwe.

Babu yako