Mke Wangu Amenirekodi Nikiongea na Makochi

Mshauri, Jumapili iliyopita jioni nilipoteza mazungumzo yangu ya kazini, na aliyeyachukua ni mke wangu wa ndoa. Mimi ni fundi wa makochi, nilianza na nyundo ya kuazima na leo nina karakana ya vyumba vitatu, na nikiwa peke yangu huongea na viti, kilichochakaa hukiambia "pole mzee, umebeba watu wazito," na chenye kitambaa kipya hukiambia "usiringe bibie, nawe utachanika," basi ndivyo mkono unavyokwenda. Mke wangu ni mshairi, lakini si wa vina na mizani, yeye hurekodi milango, sufuria na mvua juu ya mabati kisha husoma maneno katikati yake, na kinasa sauti nilimnunulia mwenyewe, sikujua nawindwa mimi. Jumapili hiyo alikwenda kusoma shairi jipya, kanikalisha ukumbini mstari wa mbele, taa zikapunguzwa, nikasikia nyundo yangu, mara najisikia nikikibembeleza kiti! Nilipiga hesabu: katika dakika sita, nne zangu, mbili zake. Watu wakacheka, wengine wakafuta machozi, wakasimama kupiga makofi. Nikamuuliza, "Mama watoto, ndio umenivua nguo mbele za watu?" Akajibu, "Nimewaonyesha mtu ninayempenda." Nikajifanya natafuta funguo za karakana. Tangu hapo nikishika nyundo nakuwa bubu, kazi haiendi, nimejigonga kidole, na wateja wananitania, "Bibie bado anaringa?" Jumapili hii amealikwa kulisoma tena. Nimzuie? Nijibu waziwazi, methali sitaki.

Fundi Bubu

Fundi, usimzuie. Pole kwa kidole, na kwa aibu pia. Kumnasa mtu bila ruhusa ni kosa, hata kama ni kwa mapenzi, na hapo mkeo amekosea. Lakini nawe! Kochi la mteja unalimwagia asali, mwenzio akikwambia anakupenda unapata kigugumizi? Maneno yako matamu ameyapata kwa kuyavizia mlangoni. Hilo halikuumi?

Kuanzia leo kinasa sauti kikae juu ya meza yako ya kukatia vitambaa, ukione, na wa kukiwasha awe wewe. Siku usiyotaka, kizime, naye asinune. Ila kwanza mkalishe chini, umwambie, "Uliniumiza." Usitanie, na hizo dakika zako usizitaje. Kisha muulize: "Ningekataa, ungeacha?" Akianza kukuzungusha kwa mafumbo, mkatize. Jibu lake lililonyooka liwe limetoka kinywani mwake kabla ya Jumamosi saa sita mchana, ili Jumapili aende kulisoma mkiwa mmeshaelewana.